Kibanzi katika Jicho la Mzee Micah

Baada ya kutumikia kiwanda chetu cha mbao hapa Elburgon kwa miaka ishirini na sita, Mzee Micah Kiprugut, mpiga king'ora, anastaafu leo, tarehe 31 Desemba 1957. Wasifu huu nimepewa mimi, Dalmas wa msumeno mkubwa, kwa kuwa nilifika darasa la nne. Wengine walisema mikono yao imechoka. Yangu pia imechoka, lakini ina sababu ya kuandika.

Alitoka Londiani akaajiriwa kubeba magogo. Mwaka 1938 gogo la mtarakwa lilipopasuliwa, kibanzi kilimwingia jicho la kushoto. Kilipulizwa, kikaoshwa, kikaombewa, hakikutoka. Bwana meneja akampeleka kwenye king'ora, kazi isiyohitaji macho mawili.

Hapo maajabu yakaanza. Mzee alitueleza kwamba iko Elburgon nyingine, yenye msitu huu huu na kiwanda hiki hiki, ila saa zake hazilingani na zetu. Kibanzi humletea saa za huko, basi. Hakisemi hata kama mvua imenyesha. King'ora cha huko kikilia, jicho humchoma, naye hukonyeza. Wiki ya kwanza Wachuka, mpishi wetu wa chai, alidhani anakonyezwa yeye.

Shida ni kwamba Mzee hakuweza kukonyeza bila mkono kuvuta kamba ya king'ora. Kwa hiyo siku nyingi chai ilikuja mapema. Bwana meneja alikuwa akitikisa saa yake akidhani imekufa, na hakuna aliyemweleza. Wachuka peke yake ndiye aliyelalamika.

"Mzee, waambie watu wako wa huko wangoje maji yachemke!"

"Mama, mimi napokea tu. Kutuma sijui."

Hata kanisani hakupona. Mchungaji aliposoma habari ya kibanzi na boriti, watu wote waligeuka kumtazama. Akajibu kwa sauti, "Boriti ni za kampuni. Mimi nilipewa kibanzi tu."

Halafu kuna ile siku ya mwaka 1954. Alivuta kamba katikati ya asubuhi, wakati si wa chai wala wa chakula. Kwetu king'ora cha namna hiyo kina maana moja: mtu ameumia. Misumeno ikazimwa. Tukatafuta majeruhi, hakuna. Mimi nilikuwa mbele ya msumeno, nikavua koti, nikalitupa chini nimcheke vizuri. Lilikuwa koti kuukuu, mkono wake umechanika, unaning'inia karibu na meno ya msumeno.

Tulimtania mpaka Krismasi: "Mzee, leo nani amekufa?" Yeye siku ile hakucheka. Alishuka kutoka kwenye king'ora, akatupitia mmoja mmoja akitushika mikono, akasema, "Huko, mmoja wenu ameumia." Aliponifikia alilitazama koti pale chini, akaushika mkono wangu muda mrefu. Koti lile sijalivaa tena.

Sasa daktari wa Nakuru amesema kibanzi kitoke, la sivyo jicho litapofuka. Mwaka mzima Mzee alikataa. Alisema, "Kikitoka, nani atajua kwamba wale bado wako?" Mkewe, Mama Chelagat, ndiye aliyemaliza maneno: "Baba Chelagat, jicho moja umewapa watu usiowajua, na la pili umekipa kiwanda. Langu liko wapi?" Alhamisi wanakwenda Nakuru pamoja.

Asante, Mzee Micah. Nenda Londiani ukamwone mkeo kwa macho yote mawili, na chai uinywe saa yoyote unayotaka, hata maji yasipochemka. Tunakuombea siku njema na ndefu.

Ila leo jioni, kabla hujaiacha kamba, ivute kwa mara ya mwisho, uivute sana. Unasema kutuma hujui, lakini hujawahi kujaribu. Huenda kibanzi kikabeba na saa yetu. Huko yuko mtu wa msumeno mkubwa mwenye mkono mmoja. Akisikia, ajue kwamba wa huku amesimama uwanjani, anampungia yote miwili.