Wakala Wetu Arvil Stiltner na Ubeti wa Mwisho

Bwana Arvil Stiltner, mwimbaji na mwigizaji, anastaafu rasmi tarehe 31 Agosti 1997 baada ya kulitumikia jukwaa letu la mlimani hapa Sizemore kwa misimu thelathini na saba. Katika misimu yote hiyo ameigiza mtu mmoja tu, wakala wa kampuni ya makaa ya mawe, na kila jioni ya kiangazi amemdhulumu mjane yuleyule shamba lilelile. Kaunti nzima haijamsamehe mpaka leo.

Nimeombwa niandike mimi kwa sababu ndimi niliyemvalisha. Kila Juni nimekipanua kizibao chake cha uwakala, na kila Juni Arvil ameapa kwamba kitambaa kimenywea kwa kufuliwa. Mimi nilishona tu.

Alizaliwa Kijito cha Caney, katika nyumba ya mwisho kabla barabara haijakata tamaa. Mama yake, Bi. Zella, alimfundisha nyimbo kibarazani kwa desturi ya huku kwetu: mwalimu na mwanafunzi wanakaa magoti yakigusana, wanatazamana usoni, na hakuna anayeinuka mpaka wimbo uishe. Akiwa kijana aliingia mgodini, akakaa huko hadi jiwe la darini lilipomvunja bega. Banjo alilinunua akiwa bado na bandeji. Daktari alimwambia asinyanyue kitu kizito, naye akaona banjo ni jepesi.

Majira ya baridi alikwenda kuimba New York, kwenye vilabu vya kahawa na vyuoni, akarekodi santuri mbili ambazo sote tunazo na hakuna kati yetu aliyelipia. Watu wa sinema nao walimwita. Walimpa nafasi ya mtu wa milimani, wakamtaka avue viatu na atoe meno ya bandia ili aonekane wa kweli. Arvil akawajibu, "Jamani, viatu nimenunua kwa hela yangu, na meno bado namlipa daktari. Mkitaka mtu asiye navyo, tafuteni mwingine." Walimwacha avae viatu. Katika filamu hiyo anaonekana kwa muda wa kupenga kamasi, lakini anaonekana akiwa na viatu.

Hata hivyo kila Mei alirudi, na kisa cha kurudi kwake ndicho ninachotaka kukieleza, kwa kuwa wengi mnaona sifa tu na hamjui alilipa nini.

Mwaka 1961 aliajiriwa kuburudisha watazamaji wakati wa mapumziko. Kumbe aliyekuwa aigize wakala alitoroka na mpishi wiki moja kabla ya kufungua. Mwongozaji wetu, Bwana Lyman Estep, akamkabidhi Arvil nafasi hiyo na kumwambia atafute wimbo wa kumlainisha mjane. Arvil aliimba ule uliomjia kwanza mdomoni, wimbo wa mama yake. Ni wimbo wa dada anayemngoja kaka yake kivukoni, kaka aliyeondoka na msafara wa magari ya kubeba chumvi. Katika ubeti wa mwisho kaka huyo anatokea ng'ambo ya mto. Kwetu ubeti huo haukuwahi kuimbwa, maana mchezo unataka mjane achukue kalamu kabla, atie sahihi kwenye karatasi ya shamba, na wimbo ukatike hapohapo. Arvil aliomba mara nyingi aumalize. "Ukiumaliza," Estep alimjibu, "mjane atapata akili, na mimi sina sehemu ya pili."

Bi. Zella alipopata habari alikataa kukanyaga hapa. Si kwamba alichukia maigizo. Baba yake mwenyewe aliwahi kuweka alama ya msalaba badala ya sahihi kwenye karatasi ya wakala wa kweli, mtu wa sauti nzuri, na milima waliyokuwa wakichungia ikachimbwa makaa, ikaondoka kwa magari ya moshi. "Wimbo ule ni wa kumrudisha mtu kwao," alimwambia mwanawe. "Wewe unautumia kumtoa mtu kwao. Siku utakayoumaliza, nitakuja." Arvil alimpelekea tiketi kila msimu, na kiti kile cha mbele kilikaa kitupu kila msimu. Alikuwa akikitazama kabla ya kupanda nyumbu wake, yule chotara wa punda na farasi aliyeingia naye jukwaani. Mimi nilikuwa nikimfunga vifungo, basi niliona anavyokitazama, na iliniuma.

Kwa wengine alikuwa adui mpendwa. Aliipima kazi yake kwa kuzomewa, na asipozomewa vizuri alikuja chumba cha mavazi akidhani ni mgonjwa. Watoto walimtupia bisi. Kinyozi wa mjini, Bwana Corbett, alimfunga taulo shingoni na kumwuliza mbele ya wateja, "Shamba la babu yangu uliliuza bei gani, we mwizi?" Arvil akamjibu, "Punguza pembeni, ndugu yangu, nitakurudishia kisima." Hata nyumbu alimchoka. Msimu mmoja alimwangusha katikati ya jukwaa, kisha akamwendea mjane na kusimama upande wake, na watazamaji wakamshangilia nyumbu kuliko walivyomshangilia yeyote kati yetu. Arvil alijipangusa vumbi na kuendelea kudhulumu kwa miguu.

Mengine aliyotufanyia nayataja haraka kwa sababu mwenyewe hapendi kusifiwa. Umeme ulipokatika aliwaimbia watu mpaka ukarudi. Mvua iliponyesha aliwazuia wasiondoke. Alizunguka shule za kaunti nzima akifundisha nyimbo za huku, magoti kwa magoti, bila kumkatizia mtoto yeyote wimbo katikati. Nadhani sasa mnaelewa kwa nini.

Jumamosi ya tarehe 16 Agosti ilikuwa jioni yake ya mwisho. Nilikuwa kando ya jukwaa na sindano mdomoni nilipoona kofia ya kanisani, ya bluu, kwenye kile kiti cha mbele. Bi. Zella ana miaka themanini na minane. Alikuwa ameletwa na mchungaji wake, na alikuwa ameketi wima kabisa na mkoba mapajani. Sikumwambia Arvil. Alimwona mwenyewe aliposhuka kwenye nyumbu, akasahau mstari wake wa kwanza, jambo ambalo halijawahi kutokea.

Aliketi kibarazani kwa mjane, akaanza kuimba. Bi. Marlene Fugate, mjane wetu wa miaka hii, alisikiliza kama ilivyoandikwa, akalainika kama ilivyoandikwa, akachukua kalamu. Wimbo ukakatika. Ndipo sauti ikatoka mbele, wala haikuwa kubwa, ila mlima ule unabeba kila sauti.

"Usitie sahihi, binti. Huyo hajamaliza."

Marlene angeweza kujifanya hakusikia. Badala yake aliweka kalamu chini, akakunja mikono. "Eti bwana, mama anasema hujamaliza," akamwambia Arvil. "Malizia basi. Shamba halikimbii."

Nyuma ya pazia Bwana Estep, mzee wa watu, alishika kichwa. Arvil alivua kofia. Wakala havui kofia kamwe, mimi ndiye niliyeweka sharti hilo, na sikuthubutu kukohoa. Aliburuta kigoda hadi ukingo wa jukwaa, akaketi akimwelekea mama yake, akaimba ubeti wa mwisho. Kaka alipotokea ng'ambo ya mto, Bi. Zella alikuwa anaimba naye. Sauti yake ni nyembamba siku hizi lakini haikukosea pumzi hata moja. Nililia, na sioni haya kuandika hivyo.

Hakuna aliyezomea wala kupiga makofi. Tukabaki na mjane mwenye shamba lake, wakala asiye na kofia, na sehemu nzima ya pili isiyo na pa kuanzia. Ilibidi Bi. Zella mwenyewe atuokoe.

"Haya, sasa tia sahihi, mwanangu," alimwambia Marlene. "Watu wamelipa viingilio vyao."

Marlene akatia sahihi huku anacheka na kulia. Arvil akavaa kofia, akaikunja karatasi, akaitia mfukoni kwa lile tabasamu lake la kidhalimu. Alizomewa siku ile kuliko siku zote za maisha yake, na aliyezomea kwa nguvu kuliko wote, amesimama, mkoba hewani, alikuwa mama yake.

Asante, Arvil, kwa kukubali kuchukiwa kwa niaba yetu sote. Kizibao nimekipanua mara ya mwisho, ni chako. Kofia inabaki hapa, kwa kuwa Bi. Zella amesema haitaingia nyumbani kwake. Nenda kibarazani, kuna kiti kinakungoja mbele ya magoti yake. Uwe na afya, ule ushibe, na usiinuke mpaka wimbo uishe.

Wilma Gayheart
Chumba cha Mavazi