Endelea Tu: Maisha ya Mama Honorine Mwelwa

Wachungaji, ndugu, majirani wa commune yetu ya Kenya hapa Lubumbashi, na ninyi watoto mlioketi mkekani huku mbele, familia imenipa mimi Adrien, mdogo wake wa tumbo moja, kazi ya kuwasomea njia aliyopita dada yetu mkubwa, tuliyemwita Yaya.

Honorine Mwelwa alizaliwa Sakania tarehe 3 Februari 1969, mtoto wa kwanza wa marehemu Baba Mutale, mfanyakazi wa reli, na marehemu Mama Annie, aliyeuza samaki wakavu kwa wasafiri wa Zambia. Kati ya treni moja na nyingine, wateja wakiwa hawapo, Honorine aliwakusanya watoto wa stesheni na kumpa kila mmoja nafasi katika hadithi, huyu fisi, yule mfalme, na aliyechelewa kufika akawa mvua.

Alisoma shule ya msingi kule Sakania, akaja Lubumbashi mwaka 1982 kwa masomo ya sekondari, akapata diplome ya serikali katika ualimu Julai 1988, akafundisha darasa la pili hapa kwetu commune ya Kenya hadi mwaka 2001, ndipo kituo kimoja cha televisheni cha mjini kikamwita akitengenezee kipindi cha watoto.

Wakubwa wa kituo walitaka watoto waseme Kifaransa tu, na hatuwalaumu, maana ndivyo wazazi wengi walivyoomba. Jumamosi tarehe 14 Juni 2003, siku ya kurekodi mara ya kwanza, watoto walisimama mbele ya kamera wakiwa wamekakamaa kama mbele ya bendera, kila mmoja akitoa maneno aliyoyakariri, hadi umeme ukakatika, lakini kinasa sauti, kilichotumia betri, hakikuzimika. Ndani yake anasikika Graciella, wakati ule mwenye miaka tisa, akisema, "Mama Honorine, courant imeenda, tutafanya je?", na Yaya anamjibu, "Endelea tu, mutoto wangu, kinywa haiombake courant." Hapo watoto wakaiendeleza hadithi kwa Kiswahili chao, huku mmoja akilalamika, "Angalieni fisi, iko anaogopa giza, ananishika mukono!", na kicheko kikajaa chumba kizima.

Yaya aliwaomba watoto wachore walichokisema, akaweka michoro juu ya sauti zile, akamsihi mkurugenzi airushe mara moja tu, na wiki iliyofuata watu walifika kituoni kuuliza fisi aliishia wapi. Hivyo kikazaliwa kipindi cha Endelea Tu, pamoja na desturi yake, kwamba kila mara, hata umeme ukiwepo, taa huzimwa mwishoni, na watoto humalizia hadithi gizani, bila mkubwa kuwasahihisha. Mwaka 2009 kituo kilipokosa wafadhili na kukiondoa kipindi, alirekodi uani kwake miezi kumi hadi kikarudishwa, na mwaka 2012, watoto wa kwanza walipokuwa vijana, aliwafungulia sehemu yao, wazungumze juu ya kazi za migodini, mimba na hofu ya mitihani.

Alifunga ndoa tarehe 21 Agosti 1993 na Emery Mwenze, fundi wa magari, aliyemtengenezea vinyago vyote vya kipindi kwa nyaya za shaba, wakabarikiwa watoto wawili, Aimé na Angélique.

Ugonjwa wa figo ulimpata Machi 2024, naye aliendelea kuandika kitandani, akimfundisha Graciella kuongoza kipindi, hadi usiku wa Jumanne tarehe 7 Oktoba 2025, alipoaga dunia hapa Lubumbashi. Alikuwa ameomba jambo moja, kurekodi kwa Jumamosi kusikose, hata kama yeye amelazwa chini. Ombi hilo lilitusumbua, maana kwetu nyumba yenye matanga haichezi, na wazee walioogopa aibu hawakuwa na moyo mbaya. Jana mjomba wetu, Mzee Kalenga, baada ya kuwasikiliza wote, alisema, "Kama batoto batacheka, bacheke hapa kwetu, tubasikie." Basi kesho watarekodi katika uwanja huu huu wa kilio, na Graciella ataongoza.

Tunawashukuru madaktari na wauguzi waliomhudumia bila kuchoka, majirani waliotuazima viti na turubai na kulala nasi nje, wafanyakazi wenzake wa kituo, na mkurugenzi yule wa kwanza, ambaye yuko hapa leo na amelia pamoja nasi.

Hadithi ya mwisho Yaya aliiacha katikati kwa makusudi, ile ya fisi aliyepanda treni ya Sakania bila tiketi, akasema mwisho wake ni wa watoto. Pumzika sasa kwa amani, Yaya Honorine, fisi wako bado amejificha chini ya kiti, kesho taa zikizimwa, watoto watamfikisha.