Marehemu wa Ngombezi

Sogeeni, wanangu, Yordani, nawe Efrazia uliyefika jana na vumbi la Handeni miguuni, kaeni mkekani mnisikilize, maana pumzi niliyobaki nayo ni ya kuazima na mwenyewe yuko mlangoni. Nimesikia mlivyonong'ona na wazee wa kambi hii ya mkonge ya Ngombezi: eti mama yenu afukiwe kimya kimya, asiwekewe matanga, kwa kuwa maiti haliliwi mara mbili. Masikio yangu hayajafa, Yordani. Ninalo ombi moja tu: nililieni.

Mnajua nilizaliwa Bhavnagar, ng'ambo, Bara Hindi, enzi ambazo wanaume walivaa sari kuigiza wanawake katika sinema bubu za Kigujarati. Mimi ndiye mwanamke wa kwanza mjini kwetu kusimama mbele ya kamera, na kwa ajili hiyo baba yangu alinyoa kichwa kama mfiwa, akanifanyia matanga nami niko hai, nimesimama nje ya ua namsikia mama akilia. Nikapanda meli, nikawa yaya kwa mwenye duka Korogwe, hata Bonaventura, baba yenu, mkata mkonge, akanioa bila kuuliza kabila wala dini. Mungu amweke pema.

Siku meneja Mwingereza alipomruhusu mtu wa sinema atandaze shuka ukutani mwa kiwanda, nilimpa kopo langu la kanda ya sinema, nililokuja nalo melini, baba yenu auone uso niliokuwa nao. Mimi nilibaki nyumbani na Efrazia mwenye surua. Katika picha ile najitupa mtoni. Kambi nzima ikaniona nikizama! Baba yenu alirudi akanipapasa uso kama kipofu, na asubuhi wanawake wakaja wakilia, kanga viunoni, vikapu vya unga wa matanga vichwani. Nikatoka na ufagio kuwauliza nani amekufa. Tulicheka. Lakini jirani yetu Grasiana akaanza: "Marehemu, hujambo? Marehemu, niazime kinu." Mzaha mzaha hutumbuka usaha, leo wazee wanasema matanga yangu yalishaliwa siku ile.

Tena wanataka kopo lichomwe, eti ndimo unamokaa mzuka wangu. Humo umo uso wangu wa usichana, sina mwingine. Lichukue, Yordani. Lichome, ila kaa mbali, kanda ile hudaka moto kama petroli, nami sitaki uungue. Mimi nimetoa kopo. Nao watoe machozi.

Shamba la Kwashemshi ni lenu wawili, msilipeleke barazani. Mbuzi ni wa Efrazia. Grasiana sijamsamehe, akitangulia kulia, tena kwa sauti, basi yameisha.

Maji... basi, yatosha. Baba alinililia kwa hasira, kambi ikanililia kwa kukosea. Mimi mwenyewe sijaliliwa bado, wanangu, naogopa kwenda hivi. Mungu awape watoto wa kuwafumba macho kwa upole. Nikishatulia niiteni Marehemu, litakuwa jina langu kwa haki. Lakini sasa... Efrazia, niite lile la kwetu. Jamna. Sema, mwanangu. Kwa nguvu... sisikii.