Kilio cha Kwamina Abakah wa Kundi la Nyota

Ndugu waombolezaji, mimi ni Ekow Bentsil, mtoto wa dada wa marehemu, na kwa desturi yetu mtoto wa dada ndiye mrithi, hivyo ukoo umenipa kazi ya kuwasomea maisha yake.

Marehemu Kwamina Abakah alizaliwa hapa Saltpond, Jumamosi tarehe 6 Oktoba 1888, akasoma shule ya misheni, akawa karani wa duka la mawese, na mwaka 1911 akaacha ukarani, mama yake akisikitika sana, akajiunga na Kundi la Maigizo la Nyota, lililoanzishwa na mwalimu wake, Bwana Kobina Essuman. Siku hizo wanawake hawakupanda jukwaani, basi mjane wa kila mchezo alikuwa yeye, na alilia mpaka watazamaji wakapanda kumtuza, wakimbandika sarafu kwenye paji la uso. Mwaka 1914 alimwoa Araba, mshonaji wa magauni ya mjane huyo, wakajaliwa binti mmoja, Esi, na wote wawili walifariki katika homa kuu ya 1918.

Tarehe 3 Aprili 1926, mkesha wa Pasaka, kundi lilicheza Tarkwa mbele ya wachimba dhahabu, na Bwana Essuman, aliyeigiza mume mlevi anayeugua, akafa kweli pale kitandani jukwaani. Mjomba alipomgusa akajua, akavua kilemba na nywele za bandia ili waone ni mwanamume anayesema, akawaambia, "Jamani, huyu amekufa kweli, iteni daktari." Ukumbi mzima ukaangua kicheko. "Lia tena, mama," wakamjibu, "hilo lilevi lako lilikuwa la nini?" Wakapanda, wakambandika maiti sarafu usoni.

Kundi lilijikokota chini ya mjomba hadi 1931, sinema ilipolimaliza. Hata hivyo kila alasiri alikaa uani akijizoeza kulia, akitafuta, kama alivyoniambia, kilio ambacho mtu akikisikia ataacha alichoshika aje. Sisi tulimcheka, na watoto wa mtaa walimwigiza.

Mwaka jana alianza kuugua kifua, akatibiwa hapa mjini, akapata nafuu, na Jumanne tarehe 14 Februari 1939, alasiri, akiwa peke yake uani, alipiga kelele kwamba anakufa. Mama Efua, jirani yetu, alikuwa akifunga kenkey, madonge ya unga wa mahindi, kwenye majani upande wa pili wa ua. "Leo umelia vizuri, Mjomba Kwamina," akamwambia, akaendelea kufunga.

Tunawashukuru daktari na wauguzi, wenzake wa Nyota waliobaki, majirani wote, na Mama Efua, aliyekuja kutueleza haya mwenyewe bila kuulizwa, nasi hatumlaumu. Ila nyinyi mliopiga makofi jeneza lilipotolewa, najua mlimpenda, lakini nawaomba mnyamaze.

Lala salama, mjomba. Safari hii tumekuamini.