Mama Mkasi Anakiaga Chumba cha Vichekesho

Tarehe thelathini Juni, baada ya miaka thelathini na moja ya utumishi, mwandishi mkuu na msimamizi wa mchezo wetu wa runinga wa wapangaji sita na bafu moja anastaafu. Wote tunamwita Mama Mkasi, kwa jinsi alivyozikata kurasa zetu bila huruma.

Aliingia kituoni akiwa mpiga chapa wa idara ya habari. Mwaka wake wa pili aliandika tangazo la kuomba ufunguo wa choo urudishwe, watu wakajazana ubaoni wakicheka mpaka taarifa ya saa saba ikachelewa. Wakubwa walimpa barua ya onyo. Wiki iliyofuata wakampa meza kwenye chumba cha vichekesho, na tangu hapo amesimamia vipindi mia nne na kumi na viwili.

Chumba hicho alikiwekea sheria moja: kicheko cha heshima marufuku. Kama hujachekeshwa, nyamaza. Aliyecheka ili kumpaka mwenzake mafuta kwa mgongo wa chupa alitoka kwenda kuchemsha chai ya wote. Hata mkurugenzi aliwahi kuchemsha, na chai yake, jamani, haikunyweka.

Sasa niseme la moyoni, maana bila hilo wasifu huu utakuwa uongo. Februari mwaka jana Mama Mkasi alitusomea onyesho la mpangaji aliyenasa kwenye dirisha la bafu. Lilikuwa zuri. Tatizo ni kwamba tulikuwa tumeshalirekodi miaka miwili nyuma, neno kwa neno, kwa kalamu yake mwenyewe. Waandishi watano mezani tukatazamana. Mimi ndiye niliyecheka kwanza, wenzangu wakafuata.

Tulidhani tunamstahi. Kwa miezi saba tulicheka kila alipojirudia, na alipotoka tu, tuliyabadilisha maandishi kimyakimya. Mficha maradhi kifo humuumbua, walisema wahenga. Sisi tuliyaficha ya mtu mwingine, tena tukamficha mwenyewe.

Jumanne moja ya Septemba aliacha kusoma katikati ya ukurasa. Vicheko vyetu anavijua kuliko mama zetu waliotuzaa. Akauliza, "Mnacheka, au mnanihurumia?" Akakusanya karatasi zake, akampigia binti yake simu aje kumchukua.

Hospitali walisema ni ugonjwa wa kusahau. Daktari alimweleza binti kwamba mama angefika mapema, dawa zingeupunguzia ugonjwa kasi. Binti alikuja ofisini akatuambia vivyo hivyo, amesimama, bila kupaza sauti. Lawama ya miezi saba ile ni yetu. Mpaka leo nikiikumbuka naona haya.

Mama Mkasi alirudi hata hivyo, amalize msimu. Safari hii alitaka tumwambie. "Hili tulishalifanya, mama," tulisema, siku nyingine mara kumi na tano, naye alikata, akashusha pumzi, akaandika upya. Kuna siku alilia, nasi tukamngoja. Kipindi cha mwisho kilimchukua wiki tisa. Siku ya kurekodi, mpiga picha aliiachia kamera kwa sababu mabega yalikuwa yanamtikisika kwa kicheko, tukalazimika kuanza tena.

Alhamisi iliyopita nilimtembelea nyumbani. Alinikaribisha vizuri, akaniuliza ninafanya kazi gani. Nikamwambia naandika vichekesho. Akataka kujua nani alinifundisha. Nikamwambia ni yeye. Alinitazama kwa upole, kama anayeogopa kuniaibisha, akasema, "Umenifananisha, mwanangu."

Hatujakufananisha, Mama Mkasi. Asante kwa kila ukurasa uliotukatia, na utusamehe kwa ile miezi saba. Tunakutakia siku tulivu na binti yako karibu. Tutakuja kukuona, na kila tukija tutajitambulisha upya.