Mkasi Aliyesubiri Pumzi

Marehemu, ambaye mtaa mzima ulimwita Mkasi, alizaliwa tarehe 14 Machi 1961, mtoto wa tatu wa fundi redio na mshonaji, katika vyumba viwili nyuma ya karakana ya baba yake.

Alisoma shule ya msingi tangu 1968, akamaliza sekondari 1978. Mwalimu wa hisabati aliandika kwenye ripoti: "Anaangalia sana dirishani." Baba yake akasema, "Afadhali, kumbe anaangalia."

Mwaka 1980 aliajiriwa kubeba nyaya katika studio ya video za harusi, akajifunzia hapo uhariri. Mwaka 1991 aliacha kazi akaanza kutengeneza filamu zake mwenyewe, bila kampuni wala mfadhili. Alizihariri chumbani, nyuma ya pazia la blanketi. Katika kuhariri, hakumkata msemaji kabla hajatoa pumzi. Walipomwambia filamu zake zinakwenda mwendo wa kobe, alijibu, "Maneno yameisha, mwenyewe hajaisha."

Alifunga ndoa na muuguzi tarehe 12 Desemba 1987. Katika video ya harusi haonekani sana. Alikuwa akimsahihisha mpiga picha. "Mimi niliolewa na pazia," mkewe alizoea kutania. Walijaliwa binti mmoja, naye akawa mhariri.

Kuna kosa ambalo Marehemu hakujisamehe. Tarehe 6 Agosti 1999 alimrekodi baba yake akisimulia maisha yake. Kinasa sauti kilifanya kazi. Kamera alisahau kuiwasha. Alipoomba warudie, mzee alicheka: "Fundi redio katokea redioni. Ulitaka nini tena, mwanangu?" Wiki mbili baadaye mzee alifariki. Sauti ile ilikaa kabatini miaka ishirini na mitatu, ikisubiri picha.

Novemba 2022 aligundulika kuwa na saratani ya mapafu. Akaitoa ile kanda. Alijaribu picha za mtaa, za redio mbovu, zote akazifuta. Binti yake akamwambia, "Baba, acha kuhangaika. Piga picha kiti alichokalia babu akisimulia." Wakakirekodi kikiwa kitupu, pale pale karakanani. Kila asubuhi alihariri, mtungi wa hewa ubavuni. Ulipobaki mkato wa mwisho, mkono ulikataa.

"Malizia wewe."

"Nikate wapi, baba?"

"Utamsikia."

Alifariki nyumbani, Jumatano tarehe 7 Juni 2023, saa nne asubuhi. Alivuta pumzi, kukawa kimya. Mkewe alipoinuka kwenda kuita watu, binti alimshika mkono: "Mama, subiri kidogo." Wakasubiri. Baba akaitoa ile pumzi, taratibu.

Ameacha mjane, binti, wajukuu wawili, dada wawili na filamu saba. Ya saba imekamilika jana: babu anamaliza kusimulia, anashusha pumzi, kiti kinabaki.

Apumzike kwa amani, pasiwe na wa kumharakisha.