Ostap Verbytskyi, Aliyeyatunza Majina ya Waliokuja

Marehemu Ostap Verbytskyi alizaliwa tarehe 14 Machi 1957 katika kijiji karibu na Ternopil, mwana wa pekee wa mama aliyeitwa Hanna, mfuga nyuki. Alikuwa mtu wa Ukraine, si Mrusi. Miaka kumi na minne hapa London aliwasahihisha watu kwa upole. Mimi Fanuel, shemeji yake, upole huo sina.

Alisomea filamu Kyiv, akahitimu mwaka 1981, akatengeneza filamu za maisha ya watu halisi hadi studio yao ilipofungwa. Alifika London Oktoba 1993, akaanza kwa kuosha vyombo Stratford. Tarehe 16 Septemba 1995 alifunga ndoa na dada yangu Peris, muuguzi, hapa Walthamstow. Kiswahili alijifunzia jikoni kwetu, na ugali akausonga kutushinda baadhi yetu.

Januari 1996 mama yake alifariki. Ofisi moja ya uhamiaji ya hapa ilikuwa imeikalia pasipoti ya Ostap. Aliandika barua, akapiga simu, akaenda kusimama dirishani, akaambiwa asubiri. Mama akazikwa bila mwanawe, na hata picha moja hakuletewa. Pasipoti ilirudi baada ya miezi kumi na minne, na hakuna aliyesema pole. Jambo hili linaniuma mpaka leo.

Ndipo alipoanza kurekodi mazishi yetu Wakenya wa hapa, bure, ili kanda zitumiwe jamaa waliokosa viza. Ya kwanza yalikuwa ya Mama Anastasia. Ostap alirekodi maua, mvua na nyuso. Watu walipojipanga kando ya jeneza kutaja majina yao, alizima kamera asimalize kanda. Dada ya marehemu akapiga simu kutoka Kakamega: "Shemeji, maua tumeona. Sasa, walikuja nani?" Ostap aliona haya kweli, na tangu hapo hakumkata tena mtu anayetaja jina lake.

Mwaka 2004, kutokana na mazishi arobaini na moja, alikamilisha filamu ya dakika sabini. Kituo kimoja cha televisheni kiliinunua, kikaifyeka hadi dakika ishirini na nane. Majina yote yakatupwa! Juu ya sauti zetu wakaweka Mwingereza akieleza jinsi wageni wanavyoomboleza. Ostap aliwaambia, "Basi toeni na langu." Miaka mitatu aliwaandikia waionyeshe nzima. Hawakumjibu hata mara moja.

Saratani ya kongosho iligunduliwa Mei mwaka huu, 2007. Alifariki hospitalini tarehe 2 Novemba. Siku mbili kabla, alimwambia binti yake, aliyerithi jina la nyanya yake, "Hanna, kamera utashika wewe. Usikate mtu." Hanna akaahidi, "I won't, Dad."

Ameacha mjane, Peris, binti yao Hanna, na sisi mashemeji wanne. Hanna yuko pale kando ya jeneza na kamera. Kila mmoja apite, ataje jina lake kamili na kwao, na asiharakishwe na mtu.

Shada lile kubwa kuliko yote limetoka kwa kile kituo. Dereva aliliacha mlangoni, akaenda zake. Maua tumeona. Walikuja nani?

Apumzike kwa amani, shemeji yetu. Sisi tumekuja.